Molo: Kuahirisha amri ya kufurushwa si kushinda kesi ya ardhi

KATIKA mizozo ya ardhi inayofikishwa mahakamani kutoka Molo na viunga vyake, siku ya hukumu mara nyingi huwa mwanzo wa pambano jipya. Aliyeshindwa huamriwa aondoke katika muda uliowekwa, pengine siku 30, 60 au 90. Muda huo unapokaribia kuyoyoma ndipo mbio za kumsaka wakili huanza, karatasi hutayarishwa usiku, na korti huombwa kwa dharura isimamishe utekelezaji wa amri iliyotoa yenyewe.

Ombi la aina hii lina nafasi yake halali katika sheria za Kenya. Tatizo ni kuwa wengi huliendea wakidhani ni kesi ya pili, ambapo watasikilizwa upya kuhusu nani aliuza, nani alinunua na nani alizikwa wapi. Sivyo. Kuahirishwa kwa amri hulinda rufaa tu ili isije ikasikizwa baada ya nyumba kubomolewa. Hakumpi mtu ardhi. Anayepata miezi sita na asiitumie kutafuta suluhu amejinunulia miezi sita ya hofu, huku mwenye hatimiliki akipoteza msimu mwingine wa kupanda.

Hata hivyo, itakuwa kosa kuwalaumu wanaowasilisha maombi hayo bila kuuliza ni kwa nini mizozo ya Molo hufika hatua hiyo ikiwa bado moto. Jibu limo katika historia ya eneo lenyewe.

Molo ilikuwa sehemu ya mashamba makubwa ya walowezi wa Kizungu. Baada ya uhuru mnamo 1963, baadhi ya mashamba hayo yaligawanywa kupitia mipango ya serikali ya kuwapa watu makao, na mengine yakanunuliwa na vyama vya ushirika pamoja na kampuni za kununua mashamba. Katika wilaya ya Nakuru ya wakati huo, kampuni ya Ngwataniro-Mutukanio ilikuwa miongoni mwa zilizovuma sana katika miaka ya 1970. Wanachama walichanga pesa, wakapewa hati za hisa, na baadaye wakapiga kura ya kugawana vipande. Hatimiliki zilichelewa, na katika visa vingi upimaji wa ardhi ulifanywa watu wakiwa tayari wamejenga. Pengo hilo kati ya siku ya kuonyeshwa kipande na siku ya kupata hatimiliki ndilo lililozaa kesi nyingi.

Kisha kuna msitu wa Mau. Mnamo 2001 serikali ilitoa notisi katika gazeti rasmi ya kuondoa sehemu kubwa ya msitu huo katika orodha ya misitu inayolindwa, zikiwemo zaidi ya hekta 35,000 za Mau Mashariki, upande wa Mariashoni, Nessuit, Likia, Teret na Sururu. Baadhi ya waliopewa vipande walikuwa wa jamii ya Ogiek iliyoishi humo tangu jadi, wengine walikuwa wageni, na wengine walikuwa watu wenye ushawishi ambao hawakuwahi kukanyaga huko. Vipande hivyo viliuzwa na kuuzwa tena.

Juu ya hayo yote, kuna damu. Molo na Kuresoi zilikumbwa na ghasia za kikabila mwaka wa 1992, zikatikiswa tena na ghasia za baada ya uchaguzi wa 1997, na mwishoni mwa 2007 mauaji na uchomaji wa nyumba ulianza huko hata kabla ya kura kupigwa. Tume ya Jaji Akiwumi, iliyoundwa 1998, na ile ya Jaji Waki ya 2008 zote ziliandika kuhusu eneo hili. Kila wimbi liliacha mashamba bila wenyewe. Baadhi yaliuzwa kwa bei ya kutupa na watu waliokuwa kambini. Mengine yaliingiwa tu.

Kwa hivyo, mtu anayeamriwa kuondoka katika shamba la ekari tatu huko Turi, Elburgon au Keringet si lazima awe mvamizi kwa maana ambayo mtu wa mjini hulielewa neno hilo. Anaweza kuwa mnunuzi aliyelipa pesa zote mbele ya wazee na chifu, akapewa mkataba ulioandikwa kwa mkono, asijue kuwa Sheria ya Udhibiti wa Ardhi inataka mauzo ya ardhi ya kilimo yaidhinishwe na bodi ya ardhi, na kwamba ombi la idhini hiyo hupaswa kuwasilishwa katika muda wa miezi sita. Muuzaji hufa. Watoto wake hufuata urithi, hupata hatimiliki kwa majina yao, kisha humshtaki mnunuzi kama mtu aliyeingia bila ruhusa.

Kuhusu mnunuzi wa namna hiyo, mahakama zenyewe hazikuwa na sauti moja kwa muda mrefu. Mwaka wa 2014 majopo mawili ya Mahakama ya Rufaa yalitoa misimamo iliyokinzana. Moja lilisema kuwa bila idhini ya bodi mkataba ni bure. Lingine lilisema kuwa muuzaji aliyepokea pesa na kumruhusu mnunuzi akae hawezi kujificha nyuma ya kukosekana kwa idhini, kwani anaishika ardhi hiyo kama amana ya mnunuzi. Mnamo 2018 mahakama hiyo iliegemea msimamo huo wa pili, na mwaka wa 2023 Mahakama ya Juu ikakubali kwamba amana ya aina hiyo inaweza kuishinda hata hatimiliki iliyosajiliwa. Mkulima aliyeshindwa kwa sababu tu hakuwa na idhini ya bodi, basi, anaweza kuwa na hoja nzito ya rufaa. Lakini hoja nzito ya rufaa haisimamishi dalali wa korti.

Hapo ndipo wengi hukosea. Kanuni za Utaratibu wa Kesi za Madai za 2010, Agizo la 42, Kanuni ya 6, zinatamka wazi kwamba kukata rufaa pekee hakusimamishi utekelezaji wa hukumu. Ni lazima ombi tofauti liwasilishwe, kwanza katika mahakama ile ile iliyotoa hukumu. Mwombaji anatakiwa kutimiza mambo matatu: aonyeshe kwamba atapata hasara kubwa amri ikitekelezwa, awe amefika bila kuchelewa pasipo sababu, na awe tayari kutoa dhamana.

Tuanze na hasara. Wengi huandika katika hati zao za kiapo kwamba wao ni maskini, wana watoto, na hawana pengine pa kwenda. Ni kweli, na inaumiza. Ila majaji wamesema mara nyingi kwamba kila anayefurushwa hupata taabu, na taabu inayotokana na hukumu halali si lazima iwe hasara inayokusudiwa na kanuni hiyo. Kinachohitajika ni ushahidi wa jambo ambalo rufaa haitaweza kulirejesha. Je, kuna nyumba ya kudumu itakayobomolewa? Kuna makaburi? Kuna watoto wanaosoma shule iliyo karibu, mimea iliyo shambani, mifugo? Je, kuna dalili kwamba mwenye hatimiliki ananuia kuuza shamba mara tu atakapokabidhiwa? Picha, stakabadhi, ripoti ya mthamini na nakala ya matokeo ya utafutaji katika ofisi ya ardhi husema mengi kuliko kurasa kumi za malalamiko. Maji yakimwagika hayazoleki, lakini ni juu ya mwombaji kuionyesha korti kwamba mtungi unainama.

Pili ni wakati. Chelewa chelewa, utakuta mwana si wako. Rufaa kutoka kwa hakimu hadi Mahakama ya Mazingira na Ardhi hukatwa katika siku 30. Anayetoka Mahakama ya Mazingira na Ardhi kwenda Mahakama ya Rufaa hutakiwa kuwasilisha ilani ya rufaa katika siku 14. Ilani hiyo ni karatasi fupi isiyohitaji nakala ya mwenendo wa kesi, na kwa madhumuni ya kuomba kuahirishiwa amri huhesabiwa kuwa rufaa tayari imewasilishwa. Mtu aliyekaa siku 89 kati ya 90 alizopewa, kisha akakimbilia korti siku ya mwisho akidai dharura, huwa amejitengenezea dharura hiyo mwenyewe. Majaji hulitambua hilo haraka.

Tatu ni dhamana, jambo ambalo hati nyingi hulipita kimya. Dhamana si lazima iwe rundo la pesa. Korti inaweza kutaka kiasi fulani kiwekwe katika akaunti ya pamoja ya mawakili wa pande zote, au gharama za kesi zilipwe kwanza. Inaweza pia kumwekea masharti anayebaki shambani: asiuze, asikodishe, asijenge nyumba mpya, asikate miti. Kwa eneo kama Molo, ambako miti iliyokomaa inaweza kuwa na thamani kubwa, sharti hilo la mwisho si dogo. Mwombaji anayejitolea mwenyewe kutii masharti ya aina hiyo huonyesha kwamba anataka kulinda shamba hadi rufaa iamuliwe. Asiyetoa lolote huacha picha kwamba anataka kulikamua hadi siku ya mwisho.

Upo mtego mwingine ambao hunasa hasa wale waliokwenda kortini wakidai ardhi kwa kuikalia miaka 12. Iwapo korti ilitupilia mbali dai lao bila kuamuru waondoke, hakuna amri ya kusimamishwa. Kesi iliyotupwa haimwagizi mtu afanye lolote. Anayehitaji ulinzi katika hali hiyo huomba zuio la muda dhidi ya mwenye hatimiliki hadi rufaa isikizwe, nalo lina vigezo vyake. Ombi la kusimamisha kisichokuwepo huliwa na gharama bure.

Endapo mahakama ya ardhi itakataa, mlango haujafungwa kabisa. Mahakama ya Rufaa inaweza kuombwa upya chini ya Kanuni yake ya 5(2)(b), na hapo maswali ni mawili: je, rufaa ina hoja inayostahili kusikizwa, na je, bila agizo rufaa hiyo itageuka kuwa kazi bure? Yote mawili hutakiwa kuthibitishwa. Moja halitoshi.

Je, na asiye na rufaa? Yuko aliyeshindwa kwa haki, anayelijua hilo, na anachotaka ni muda wa kuhama kama binadamu. Sheria haikumsahau. Sheria ya Ardhi ya 2012, baada ya kurekebishwa 2016, ina vifungu kuanzia 152A hadi 152I vinavyohusu kuwaondoa watu wanaokaa katika ardhi isivyo halali. Kwa ardhi ya kibinafsi, mwenyewe hutakiwa kutoa ilani ya maandishi ya muda usiopungua miezi mitatu. Ilani hiyo hupaswa kuwa katika lugha ya taifa na lugha rasmi, maana yake Kiswahili kina nafasi yake hapo, ieleze masharti kuhusu kuondoa majengo na kuvuna mimea iliyo shambani, na nakala zifikishwe kwa naibu kamishna wa kaunti na kwa mkuu wa polisi wa eneo. Wanaoondolewa wakiwa kundi kubwa, ilani huchapishwa pia katika magazeti mawili ya kitaifa na kubandikwa katika sehemu tano zinazoonekana.

Miezi mitatu hiyo ina maana mahususi kwa mkulima wa Molo. Viazi huchukua takriban miezi mitatu hadi minne tangu kupandwa hadi kuchimbwa. Ilani iliyotolewa ipasavyo humwezesha mtu kuvuna alichopanda na kuondoka na pesa za kuanzia mahali pengine. Ilani iliyorukwa humwacha akitazama jasho lake likivunwa na mwingine.

Kifungu cha 152F humruhusu aliyepewa ilani kwenda kortini kuomba nafuu, na korti inaweza kuithibitisha ilani, kuifuta, kuibadilisha, au kuisitisha kwa muda itakaoona unafaa. Kifungu cha 152G nacho hutaja namna ya kuondoa watu: wanaotekeleza wajitambulishe na waonyeshe idhini rasmi, maafisa wa serikali wawepo panapoondolewa makundi, heshima na uhai wa watu vilindwe, wanawake, watoto, wazee na walemavu wapewe ulinzi maalum, nguvu isizidi kipimo, na wanaoondolewa wapewe nafasi ya kwanza ya kubomoa wenyewe na kuokoa mali yao. Anayefurushwa usiku, na vijana wasiojulikana, bila afisa wala karatasi, ana haki ya kulalamika hata kama alishindwa kesi kwa kishindo.

Kuna jambo jingine ambalo halijulikani sana. Hukumu iliyolala kwa zaidi ya mwaka mmoja haifufuliwi kimyakimya. Kanuni zinataka anayetakiwa kuondoka apewe kwanza ilani ya kufika kortini na kueleza kwa nini amri isitekelezwe. Katika eneo ambalo watu hushinda kesi kisha wakasubiri miaka kadhaa kwa kukosa pesa za dalali au kwa kuogopa majirani, kinga hiyo ndogo si ya kupuuzwa.

Hata hivyo, mizani ina pande mbili. Kwa upande wa pili wa kesi hizi mara nyingi hayuko tajiri mwenye maelfu ya ekari. Yuko mjane aliyekimbia ghasia mwaka wa 1992 akiwa na watoto mgongoni, aliyelipa kodi za nyumba mjini Nakuru au Naivasha kwa miaka yote hiyo, na ambaye kesi yake imepita mikononi mwa mahakimu kadhaa. Yuko mzee ambaye hatimiliki yake haijawahi kupingwa na yeyote ila haijawahi kumpa hata gunia moja la mahindi. Kila anapoambiwa angoje kidogo, humaanisha mwaka. Sheria humtambua naye: anaweza kudai fidia ya kipindi chote alichonyimwa matumizi ya shamba lake, na deni hilo huendelea kukua huku aliyeshindwa akiomba muda zaidi. Wanaoshauriwa na mawakili kuvuta kesi wanafaa waambiwe pia bei ya kuivuta.

Suala la ghasia ndilo linaloifanya Molo kuwa tofauti. Chini ya Sheria ya Muda wa Kufungua Kesi, mwenye ardhi asiyedai ardhi yake kwa miaka 12 anaweza kuipoteza kwa aliyeikalia. Lakini ukaaji huo lazima uwe wa wazi, bila ruhusa ya mwenyewe, na bila kutumia nguvu. Mtu aliyeingia shambani siku chache baada ya mwenyewe kukimbia mishale na moto ataeleza vipi kwamba aliingia kwa amani? Na mtu aliyenunua kutoka kwa aliyeingia hivyo, kwa nia njema, miaka kumi baadaye? Korti zinazosikiza maombi ya kuahirisha amri katika kesi kama hizo zinapaswa kuuliza mapema jinsi ukaaji ulivyoanza. Kumpa muda aliyenunua kwa nia njema ni huruma yenye msingi. Kumpa muda usio na kikomo aliyefaidika na kilio cha jirani ni kuzawadia ghasia, na katika eneo lililochomeka mara tatu, zawadi hiyo huonekana na wote.

Wenye kutaka kuona kuahirisha kusiko na suluhu huishia wapi hawahitaji kusafiri mbali. Kusini mwa Molo, huko Tinet, wenyeji wa jamii ya Ogiek walipewa ilani ya kuondoka msituni mnamo 1999. Watu 10 walikwenda katika Mahakama Kuu kwa niaba ya jamii. Machi 2000 walishindwa, majaji wakisema kwamba hawakuishi tena kwa uwindaji na kukusanya asali kama zamani na kwamba msitu ulihitaji kulindwa. Mwaka wa 2009 Shirika la Huduma za Misitu likatoa tena ilani, safari hii ya siku 30, kwa wakaaji wa Mau. Suala hilo likafika katika Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu mjini Arusha, ambayo Machi 2013 iliagiza Kenya isifanye lolote ambalo lingeharibu kesi kabla ya kuamuliwa. Huko nyumbani, Machi 2014, Mahakama ya Mazingira na Ardhi iliamua kesi kuhusu Mau Mashariki iliyokuwa imekaa mahakamani tangu miaka ya 1990, ikatambua kuwa haki za Ogiek zilikiukwa, na ikaiagiza Tume ya Kitaifa ya Ardhi itafute ardhi ya kuwapa makao.

Mei 26, 2017, mahakama ya Arusha iliamua kwamba Kenya ilikiuka haki za jamii hiyo. Juni 23, 2022, ikaagiza jamii ilipwe Sh57.85 milioni kwa hasara ya mali na Sh100 milioni kwa madhara mengine, na ardhi yao ya jadi ipimwe na kusajiliwa. Ilhali Novemba 2023, huko Sasimwani katika kaunti jirani ya Narok, nyumba za Ogiek zilibomolewa tena.

Ni kweli kwamba ardhi ya umma na ardhi ya kibinafsi si kitu kimoja. Muda wa miaka 12 hauhesabiwi dhidi ya ardhi ya serikali, na Mahakama ya Juu ilipotamka Januari 11, 2021, katika kesi ya wakazi wa kijiji cha Mitumba karibu na uwanja wa ndege wa Wilson, kwamba wasio na ardhi wanaojenga makao katika ardhi ya umma hupata haki ya makao inayolindwa ingawa hawapati hatimiliki, ilikuwa ikizungumzia ardhi ya umma. Mkulima anayekaa katika shamba lenye hatimiliki ya mtu mwingine hawezi kuinukuu kesi hiyo na kutarajia miujiza. Lakini funzo ni lile lile. Kijiji hicho kilibomolewa Novemba 2011 wakati amri ya korti ya kuzuia ubomoaji ilikuwepo, na miaka kumi baadaye majaji walikuwa wakijadili nafuu kwa watu waliokwisha tawanyika. Agizo la kusitisha lisiloheshimiwa ni karatasi. Agizo linaloheshimiwa lakini lisiloambatana na mazungumzo ni saa inayohesabu kurudi nyuma.

Afrika Kusini imejaribu njia ya kufaa kuigwa. Tangu 1998 sheria yake huitaka korti, kabla ya kumwondoa mtu katika makao yake, ijiridhishe kwamba ni haki kufanya hivyo ikizingatia hali zote, zikiwemo muda ambao watu wamekaa hapo na kama kuna mahali pengine pa kuwapeleka. Mnamo 2004 Mahakama ya Katiba ya nchi hiyo ilisisitiza kwamba katika mizozo ya namna hii pande zote zinapaswa kujaribu usuluhishi kabla ya mabavu ya dola kutumika. Hatua hiyo haifuti haki ya mwenye ardhi. Inapanga tu namna ya kuifikia.

Kenya haikosi nyenzo. Kifungu cha 159 cha Katiba ya 2010 huzitaka mahakama zihimize usuluhishi, upatanisho na njia za jadi za kutatua mizozo. Usuluhishi unaosimamiwa na mahakama umekuwepo tangu 2016, na sera ya mifumo mbadala ya haki ilizinduliwa 2020. Hakuna kinachomzuia jaji anayeahirisha amri ya kumwondoa mtu katika shamba huko Molo kuweka tarehe ya mwisho isiyosogezwa, kuzipeleka pande zote kwa msuluhishi, na kutaka ripoti iletwe kabla ya tarehe hiyo. Mashamba yanaweza kupimwa upya na kugawanywa. Mnunuzi anaweza kulipa tofauti ya bei kwa warithi wa muuzaji. Makaburi yanaweza kutengewa kipande na njia. Aliyeshindwa anaweza kukubali kuondoka baada ya mavuno, bila polisi, na mwenye shamba akasamehe gharama. Makubaliano ya aina hiyo yakisajiliwa kortini yana nguvu sawa na hukumu, na kwa majirani watakaoendelea kukutana katika soko moja na ibada moja, yana faida ambayo hukumu haiwezi kuitoa.

Wasio na uwezo wa kumlipa wakili nao wasikate tamaa kabla ya kujaribu. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016 iliunda Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria kwa ajili yao. Kilicho muhimu ni kuitafuta siku ya hukumu, kabla ya muda kuisha.

Wajibu haumo mikononi mwa mahakama na wahusika pekee. Machifu na manaibu wao, ambao mara nyingi hushuhudia mikataba ya mauzo, wanaweza kuokoa familia nyingi kwa kuwaambia wanunuzi jambo moja: nenda kwa bodi ya ardhi kabla hujalipa. Polisi wanaoitwa kulinda ufurushaji wana haki na wajibu wa kuuliza ilani iko wapi. Viongozi wa kisiasa, ambao hujitokeza siku ya mabati kung'olewa wakiahidi kwamba hakuna atakayeondoka, huwafanya watu wapuuze siku 14 za ilani ya rufaa, siku ambazo hakuna hotuba inayoweza kuzirudisha.

Kwa anayekabiliwa na amri ya kuondoka, basi, hesabu ni fupi. Aisome hukumu yote, au asomewe, siku ile ile. Aulize kama kuna kosa la kisheria la kukatiwa rufaa au kama anachohitaji ni muda tu, kwa kuwa maombi hayo mawili si sawa. Akiwa na rufaa, awasilishe ilani mapema, akusanye ushahidi wa hasara, na ataje dhamana anayoweza kuitoa. Akiwa hana, aombe muda wenye kikomo, aeleze mpango wake wa kuhama, na amfuate mwenye shamba kwa mazungumzo wakati bado kuna kitu cha kuzungumzia. Naye mwenye hatimiliki afuate ilani na taratibu zote, kwa maana ufurushaji uliofanywa vibaya humfungulia mpinzani wake kesi mpya, na kumrudisha kortini ambako alidhani amemalizana nako.